Kibaraza cha Kipupwe

Mimi sijui kuficha. Wivu ukinishika unaonekana usoni, hata mume wangu Prosper husema ng'ombe wenyewe wakiniona hivyo wanabana maziwa. Kwa hiyo Elinipa alipoanza kujenga kibaraza cha vioo, sikujisumbua kujifanya nafurahi. Nilisimama upande wangu wa kihamba, shamba letu la ukoo, mikono kiunoni, nikawatazama mafundi wanavyopima, nikasema kwa sauti ili asikie, "Haya jamani, wengine tunahangaika na banda la ng'ombe, wenzetu wanajenga hoteli!"

Elinipa akacheka. Ndiyo tabia yake inayoniudhi kuliko zote, ukimchokoza anacheka.

"Kikiisha utakuja tunywe chai, Mama Bariki."

"Chai ninayo kwangu."

Elinipa ni mke wa Oscar, kaka mkubwa wa mume wangu. Tunaishi Nkoaranga, kihamba kimoja kilichogawanywa katikati na mstari wa masale, ile mimea ya mpakani, wao juu na sisi chini. Nyumba ya wazazi ni yetu, kwa sababu Prosper ni kitinda mimba, na kwetu Wameru kitinda mimba ndiye anayebaki na nyumba ya wazazi pamoja na mama mwenyewe. Hilo halina mjadala. Baba mkwe alipofariki, hakuna aliyekaa kikao kuuliza mama ataishi wapi.

Na mimi nilimtaka. Wapo wanaosema mama mkwe ni mzigo, hao nawaachia maneno yao. Nilipoolewa mama yangu mzazi alikuwa ameshatangulia, na nilipojifungua Bariki ni mama mkwe aliyenipikia mtori wa ndizi asubuhi na jioni, akanikanda kwa maji ya moto, akanifunga tumbo kwa khanga. Nikawa nalia ovyo bila sababu. Akaniambia, lia tu mwanangu, lia sasa, mtoto akianza kutembea hutapata nafasi. Tangu siku hiyo nikasema huyu ni wangu. Oscar na Elinipa ni wanawe pia, sikatai, lakini ni wangu.

Sasa, mama ni mtu wa barazani. Ukimweka chumbani anaumwa. Anataka kukaa mahali anapoiona njia, maana njia ya kwenda kanisani na sokoni inapita mbele ya nyumba zetu zote mbili, na kila anayepita lazima aseme, "Shikamoo, Bibi!" Naye anaitika, "Marahaba, mama yako mguu umepona?" Hapo habari zinaanza. Anajua nani kazaa, nani kagombana na nani, mahindi ya nani yameliwa na nyani. Mwenyewe hamwanzi mtu salamu, hata kama anakufa kwa hamu ya kuzungumza. Mkubwa husalimiwa. Anakaa, anasubiri, na salamu zinamjia.

Tatizo ni kipupwe. Mwezi wa sita ukiingia, ukungu unashuka kutoka mlimani na kukaa juu ya migomba mpaka mchana, na ubaridi wake unaingia kwenye mifupa. Baraza letu lilikuwa la wazi, la tangu enzi za baba mkwe. Mama ana kifua. Kila mwaka tulikuwa tunavutana, mimi namwingiza ndani, yeye anatoka na blanketi lake, anakohoa na kuitikia shikamoo.

Basi Elinipa akamaliza kibaraza chake. Vioo vyeupe kuanzia kiunoni hadi juu, fremu za aluminiamu, kiti cha kuegemea chenye mito. Jua likichungulia dakika mbili tu, mle ndani panakuwa na joto la kupendeza. Mama akasema anakwenda kuota joto kidogo.

Akaota. Siku ya kwanza akarudi kula mchana. Kesho yake akarudi jioni. Halafu akatuma mtu aje kuchukua kikombe chake. Kikombe! Kana kwamba kwa Elinipa hawana vikombe. Kikafuata kitabu cha nyimbo, ikafuata miwani, na siku lilipoondoka blanketi nilikaa kwenye kigoda jikoni nikashindwa hata kuchochea moto. Roho iliniuma, we acha tu. Nilikuwa nikipita kwenda kukata majani ya ng'ombe namwona mama pale juu nyuma ya kioo, anacheka, anapunga mkono kwa wapita njia, na Elinipa kakaa chini miguuni pake anamenya ndizi. Anamenya taratibu, makusudi, ili nione.

Jumapili ikawa mbaya zaidi. Baada ya ibada tuko nje kwenye mnada wa sadaka za mazao, nimeshashika mkungu wangu wa ndizi, Sinyati akanisogelea. Huyu ni jirani yetu, mdomo wake hauna mlango.

"Mama Bariki, naona Bibi siku hizi yuko kwa mkubwa. Kwani kwa kitinda mimba kuna nini?"

"Hakuna kitu. Anaota joto."

"Ahaa. Mimi nimeuliza tu. Maana watu wanasema."

Watu wanasema! Mama akitoka kwenye nyumba ya kitinda mimba, kwetu hawaulizi kama kuna baridi. Wanauliza mke amemfanya nini. Nikauacha ule mkungu palepale, nikampigia Prosper. Yeye ni dereva wa watalii, na kipindi kile cha baridi ndicho chenye wageni wengi, alikuwa Momela na Wazungu wake wanaangalia twiga.

"Prosper, mama yako amehama."

"Si amekwenda kuota joto?"

"Blanketi limeondoka."

Hapo akaacha kunibishia. Hata yeye alielewa blanketi maana yake nini.

"Nataka kibaraza," nikasema.

"Tabea, hela iliyopo ni ya mabati ya banda la ng'ombe."

"Ng'ombe hawana kifua!"

Nikapata kibaraza. Niliita mafundi walewale wa Elinipa kutoka Moshono, nikawasimamia kuanzia asubuhi hadi wanaondoka, na kila walichopima niliuliza cha Elinipa ni kiasi gani, kisha nawaambia waongeze. Kwenye vioo fundi akanitolea vipande viwili nichague. Kimoja cheupe cha kawaida. Kingine cheusicheusi, kinang'aa, vile vya maofisini mjini.

"Hiki, mama, ukiwa ndani unaona nje vizuri tu. Ukiwa nje unajiona mwenyewe."

"Mama Calvin anacho?" Mama Calvin ndiye huyo Elinipa.

"Hapana, yeye aliweka cheupe."

"Weka hicho cheusi."

Kilipokamilika kiling'aa mpaka njiani. Nikapanda kwa Elinipa kumchukua mama. Elinipa alilikunja blanketi yeye mwenyewe, akalikunjua, akalikunja tena, mikono inakawia. Nikafurahi. Nasema kweli, nilifurahi kumwona anakawia. Mama akamshukuru, tukashuka polepole nimemshika kiwiko, tukaingilia mlango wa jikoni kwa sababu vigae vya mbele vilikuwa bado havijakauka. Nikamkalisha kwenye kiti kipya. Akavipapasa vioo kwa ndani, akaiangalia njia yote kutoka kona ya juu hadi kona ya chini.

"Mwanangu," akasema, "umenijengea jumba."

Usiku ule sikuhitaji hata kula.

Asubuhi nikampa chai, nikaenda kukamua. Niliporudi nikamkuta kaegemea mbele, uso umemkunjamana.

"Loserian amepita," akasema. Loserian ni mzee wa kanisa letu. "Amesimama hapo, akaniangalia, akarekebisha kola ya shati, akaenda zake."

"Hakukusalimia?"

"Hata neno."

Nikataka kucheka. Nilishaelewa, si fundi alishaniambia kuhusu kile kioo! Loserian alikuwa anajiangalia mwenyewe, maskini wa Mungu, anajipendezesha. Nilikuwa nimeshafungua mdomo nimwambie mama, tucheke wote. Lakini yeye akawahi kusema, "Kwa Elinipa walikuwa wananisalimia wote."

Mdomo ukajifunga wenyewe. Nikimwambia kwamba watu hawamwoni kwa sababu ya vioo vyangu, mchana huohuo atataka kurudi kwenye vile vyeupe. Kikombe kitaondoka, miwani itaondoka, blanketi litaondoka, na mimi nitabaki kuwaeleza watu kwenye mnada. Nikasema, "Labda ana mawazo, mama."

Na ndivyo tulivyoendelea. Mama alikaa akiwaona wote. Sinyati alikuja akasimama karibu kabisa, akafungua kilemba, akakifunga upya, akajigeuza akaangalia nyuma sketi inakaaje, akaondoka. Vijana wa kwaya walisimama wakacheka, walikuwa wanachekana wenyewe kwa wenyewe, mama akadhani wanamcheka yeye. Alikuwa anajiweka sawa kitini kila akiona mtu anakuja, anarekebisha khanga mabegani, anasafisha koo tayari kwa marahaba. Mtu anapita. Marahaba inabaki mdomoni.

Jioni nilikuwa navuta mapazia kabla ya kuwasha taa, kwa maana niligundua taa ikiwaka wa nje wanaona ndani. Nilisema ni kwa ajili ya baridi.

Unaweza kuniuliza kama sikumwonea huruma. Nilimwonea! Nilimpikia kila anachopenda. Nilikaa naye, nikamsimulia habari zote za kijiji, na nyingine nikazitunga. Lakini alikuwa kwangu, katika nyumba ya kitinda mimba, mahali pake, na hilo lilinipa usingizi. Nilijiambia atazoea.

Halafu akaja Elinipa.

Nilikuwa jikoni, nikasikia nyayo za mtu kwa mbele. Nikazunguka nje mbiombio. Nikamkuta amesimama mbele ya vioo, kabeba bakuli la loshoro, makande ya maziwa mgando, limefunikwa kwa sahani. Anajitazama. Akabetua mdomo, akajikagua meno, akajipangusa pembeni mwa midomo kwa kidole, akashusha pumzi. Upande wa pili wa kioo hicho, mkono mmoja tu kutoka usoni pake, alikuwa mama. Nikamvuta Elinipa hadi pembeni mwa nyumba, mbali na vioo.

"Mama Bariki, nimemletea mama loshoro. Tangu aondoke sijamwona hapa nje hata siku moja."

"Amelala," nikasema. "Usiku alikohoa sana. Nipe tu, akiamka nitampa."

Akanitazama. Akanipa bakuli. Akaondoka akigeuka geuka kuangalia nyumba, na kila akigeuka alikuwa anajiona mwenyewe tu.

Nilipoingia, mama alikuwa analia. Sijawahi kumwona mama akilia, hata siku ya mazishi ya baba mkwe hakulia mbele yetu.

"Elinipa ameniangalia usoni," akasema. "Hapa, usoni kabisa. Akanibetulia mdomo, akaondoka. Nimemfanya nini mtoto wa watu? Au ni kwa sababu nimehama kwake?"

Hapo ndipo nilipopaswa kusema. Badala yake nikamfuta machozi kwa ncha ya khanga yangu nikasema, "Mwache, mama. Watu ndivyo walivyo."

Nikamimina ile loshoro kwenye bakuli letu nikampa. Akala kidogo. "Leo umeipatia," akasema. "Imekuwa kama ya Elinipa." Hata hapo, jamani, hata hapo niliona wivu.

Siku zilizofuata alikula kwa kulazimishwa. Kiti akakigeuza, akawa anakaa kaipa njia mgongo, anaangalia ukuta. Nikimsemesha anajibu "mh". Nikaanza kuogopa, lakini kila nikijiandaa kumweleza naona jinsi atakavyonitazama, na jinsi Elinipa atakavyocheka kicheko chake kile. Nikasema kesho. Kesho ikifika nasema Prosper akirudi.

Asubuhi moja nikatoka bandani na ndoo ya maziwa, nikakuta kiti kitupu. Chumbani hayupo. Mlango wa jikoni uko wazi na kisu cha kukatia mboga hakipo. Wazo la kwanza kunijia, sitawadanganya, halikuwa kwamba ataanguka kwenye utelezi au ukungu utamwua kifua. Nilisema, amerudi kwa yule!

Nikavaa gambuti nikatoka. Nilipofika mpakani nikasimama. Isale moja lilikuwa limekatwa, limekatwa sasa hivi, bado linatoa maji.

Kwetu isale si jani la kuchezea. Ukimkosea mtu mpaka maneno hayatoshi, unakata jani la isale, unalifunga fundo, unampelekea mkononi. Ukishalipeleka umejishusha hadi chini kabisa, na anayepelekewa hana ruhusa ya kukataa. Mtoto humpelekea mzazi. Mke humpelekea mume, na mume mwenye akili humpelekea mke. Lakini bibi mzima, mama wa boma, ampelekee mkwe wake? Sijawahi kusikia, hiyo ni laana kwa anayepokea. Na alikuwa anakwenda kumwomba Elinipa msamaha kwa kosa ambalo halipo duniani, kosa nililolitengeneza mimi kwa kufunga mdomo.

Nikakimbia. Gambuti moja ilibaki kwenye matope, nikaiacha.

Nilimkuta ameshafika. Alikuwa amesimama ndani ya kile kibaraza cha vioo vyeupe, khanga imelowa ukungu, jani lenye fundo kalinyoosha kwa mikono miwili. Elinipa alikuwa amerudi nyuma hadi ukutani, mikono kaificha mgongoni.

"Mama, usinipe hilo! Mama, nakuomba. Nimekukosea nini mpaka unipe laana hii?"

"Mimi ndiye niliyekukosea," mama akasema. "Nilikunywa chai yako, nikaota joto lako, nikaondoka kwa haraka bila kukaa na wewe tuagane vizuri. Una haki ya kukasirika. Lakini usinibetulie mdomo, mwanangu. Nimezeeka. Niambie kwa maneno."

"Kukubetulia mdomo? Lini? Wapi? Mama, nilipokuja niliambiwa umelala!"

Wakageuka wote wawili, wakanitazama mimi niliyesimama mlangoni na mguu mmoja wa matope. Bado ningeweza kutafuta uongo mwingine. Ulikuwepo, niliuona, ulikuwa mzuri tu. Lakini mama alikuwa bado kalinyoosha lile jani.

"Mama, hawakuoni," nikasema.

"Nani hawanioni?"

"Wote. Loserian, Sinyati, wanakwaya, Mama Calvin. Vile vioo, ukiwa nje unajiona mwenyewe tu. Loserian alikuwa anaangalia kola yake. Elinipa alikuwa anaangalia meno yake. Hakuna aliyekataa kukusalimia, mama. Hawajui kama upo."

Mama akalishusha lile jani. "Fundi hakukuambia?"

"Aliniambia."

"Kwa hiyo ulijua. Tangu siku ya Loserian ulijua."

"Nilijua."

"Nikawa nalia ukawa unanifuta machozi, na unajua."

Nilitegemea Elinipa acheke, na laiti angecheka ningepata pa kukasirikia. Hakucheka. Alikuwa analia kimyakimya, anaangalia sakafu. "Ulisema amelala," akasema tu.

Mama akalitazama lile jani, akalipangusa umande kwa kidole gumba. Kisha akanipa mimi.

"Kumbe si langu hili," akasema. "Shika. Mpe mwenyewe."

Jamani. Yule mwanamke niliyemwonea kijicho tangu msumari wa kwanza. Nilipiga goti, la kwanza likagoma, la pili likakubali, nikamnyooshea isale kwa mikono miwili. Elinipa angeweza kuniacha pale kidogo, nami ningemwelewa. Hakuniacha. Alilichukua upesi, akasema, "Nimepokea, Mama Bariki. Inuka, sakafu ina baridi." Kisha akamgeukia mama, akamketisha kwenye kile kiti cha mito, akamvua khanga iliyolowa, akamfunika magoti kwa shuka yake mwenyewe. Na nilipoona anavyomfunika, anavyoichomeka vizuri pembeni, moyo ukaniwaka palepale, hata kabla sijasimama.

"Twende nyumbani, mama," nikasema. "Nitavitoa vile vioo. Leo leo. Nitamwita fundi aweke vyeupe, au niache wazi, utakavyo. Twende."

Mama akaegemea. Nje mtu alikuwa anapita, nikasikia, "Shikamoo, Bibi! Umepotea!" Mama akainua mkono, akaitika marahaba, sauti imejaa. Kisha akanigeukia.

"Umempa Elinipa lake, na amepokea," akasema. "Langu hujaleta."

Elinipa akachukua kisu cha mboga kutoka kwenye meza ndogo, kile cha jikoni kwangu, akaniwekea mkononi bila kunitazama. Nikatoka kwenye ukungu na mguu mmoja peku, nikashuka hadi mpakani, nikaanza kutafuta jani.